Nasadiki Tano za Bonito

Jirani yangu Obdulia hajawahi kuwa na saa jikoni. Tumetenganishwa na ukuta mmoja miaka hamsini na mitatu, na madirisha ya jikoni zetu yanatazamana juu ya ule uwazi mwembamba wa katikati ya jengo, ambako kila mtu huanika nguo zake na kusikia siri za wenzake. Kwa hiyo najua anavyopika. Yai la kuchemsha ni Salamu Maria kumi na mbili. Kome ni Baba Yetu nne, na asiyefunguka hapo hutupwa. Bonito, samaki wa jamii ya jodari, akipikwa kwa rojo ya nyanya ni Nasadiki tano, ile sala ndefu ya imani: mbili upande mmoja wa kipande, mbili upande wa pili, kisha anazima moto, anafunika, na kusali ya tano kwa ajili ya udongo, maana chungu cha udongo huendelea kupika hata moto ukishakufa.

Hakubuni yeye. Wanawake wote wa bandari yetu walipika hivyo tangu enzi za bibi zao, wakati saa ya pekee kijijini ilikuwa ya kanisa, nayo ilichelewa. Ukipita mtaa wa juu mchana, mwezi wa Julai, bonito wakiwa wameanza kushushwa, ulisikia Nasadiki zikitoka kila dirisha, kila moja kwa mwendo wake, ukajua nani anapika nini na amefika wapi. Siku hizi unasikia televisheni. Nyumba nyingi zimefungwa zikisubiri wageni wa Agosti, nao huja na samaki wao waliofungwa plastiki, hawana kichwa wala ngozi, na huwezi kumjua samaki usiyemwona macho.

Mimi si mtu wa sala. Nilikuwa na miaka kumi na miwili padri alipokataa kumzika baba yangu ndani ya ukuta wa makaburi, kwa kuwa alikataa kuungama kabla ya kukata roho. Tulimzika nje, penye upupu, mvua ikinyesha. Siku ile niliapa kwamba ulimi wangu hautatamka sala tena, na nilikaa na kiapo hicho miaka sitini na zaidi. Nilichojifunza baadaye nilikitoa vitabuni, nikisoma chini ya taa ya chumba cha injini, mashua ikiyumba na mafuta yakidondokea kurasa. Nasema haya ili msomaji ajue mapema jambo lililonipata lilikuwa zito kiasi gani.

Obdulia alizaliwa juu ya ghala la kutia samaki chumvi, na husema ndiyo sababu hajaoza. Akiwa na miaka kumi na minne aliingia kiwanda cha dagaa, akakaa humo miaka arobaini na mmoja akiwachuna ngozi na kuwatoa miba, mmoja mmoja, wanawake themanini wamekaa kwenye meza ndefu wakiimba na kusengenya. Chumvi ilimfuta alama za vidole. Alipokwenda Santander, mji mkuu wa mkoa wetu, kuchukua kitambulisho, karani alimbonyeza kidole kwenye wino mara tatu, kikatoka kidoa kisicho na mstari hata mmoja. Karani akamuuliza alikuwa akifanya kazi gani. "Wizi, mwanangu," akamjibu, "na kama unavyoona, sijakamatwa."

Aliolewa na Severiano, mvuvi wa bonito, mtu mpole mwenye masikio makubwa. Enzi zile msichana akiposwa, mama wa mwanamume alikuja kwao kula bonito wake. Hakuna aliyesema kwamba ni mtihani. Bonito ni samaki mgumu kumhukumu: nyama yake ni nene na nyeupe, haina mafuta mengi, na baina ya kuwa laini na kukauka kama kizibo cha chupa kuna muda wa kugeuza shingo tu. Akiwa laini, mgeni alichovya mkate kwenye rojo mpaka sahani ikang'aa, kisha wakaanza kuzungumza tarehe. Akiwa mkavu, mgeni aliomba maji. Hakusema neno jingine, ila maji tu, na kila mtu mezani akaelewa. Posa mbili nazijua mimi zilivunjika kwa glasi ya maji. Mama yake Severiano, mwanamke mwenye ulimi wa kiberiti, alikula vipande viwili na kuondoka bila kunywa hata tone.

Tena kulikuwa na jambo la pili, ambalo nyumba ya Obdulia peke yake ililijua. Mama yake, Casilda, alianza kukausha bonito akiwa na miaka sabini na minne. Walicheka. Mwaka uliofuata alitia sukari mahali pa chumvi, wakacheka kidogo. Mwaka wa tatu alimuuliza Obdulia, "Wewe ni binti wa nani?" Kwa hiyo katika nyumba ile bonito mkavu si chakula kilichoharibika. Ni barua.

Mwaka huu Obdulia ametimiza sabini na sita. Severiano alikufa miaka kumi na mmoja iliyopita, kitandani, kwa ugonjwa wa kifua. Mtoto wao ni mmoja, Nieves, anayeishi Bilbao na kufanya kazi kwenye maabara ya kupima damu. Ni mtu wa vipimo tangu utotoni. Alikuwa akihesabu ngazi za jengo letu, na siku fundi alipoongeza moja, alilia. Mumewe anaitwa Koldo, mtu mkubwa anayekula vizuri na kusema kidogo.

Walikuja kula siku ya Mtakatifu Yohane, mwezi wa Juni. Bonito walikuwa wamewahi mwaka huu, na Obdulia alipata wa kwanza gatini, kilo nne, akamkata mwenyewe kukingama mgongo, vipande vinene vyenye mfupa katikati. Rojo aliianza asubuhi: vitunguu viwili na pilipili hoho katika mafuta ya zeituni, moto mdogo, mpaka vikalegea kama matambara, kisha nyanya zilizomenywa, saa nzima, halafu zote zikapita kwenye kinu cha mkono. Harufu ilivuka uwazi ikaja kunikalia mezani. Nilimsikia akianza Nasadiki. Sikusikiliza zaidi, nilikuwa nasoma.

Saa nane mchana nilisikia sauti ya Koldo, ambaye ni mtu wa milimani na hajui mila za bandari.

"Mama, kuna maji?"

Nikasikia bomba likifunguliwa, na kijiko kikianguka.

Jioni ile Obdulia alitokea dirishani akianua taulo ambazo hazijakauka. Hakunitazama. Aliniambia Nieves hakugomba, na hilo ndilo lililomtisha. Alipokuwa akiaga mlangoni alisema atarudi siku ya Bikira wa Karmeli, sikukuu ya wavuvi, tarehe kumi na sita Julai, na kwamba angependa kula bonito tena. Kisha akasema, kwa sauti ile ya kusomea watu majibu ya damu, kwamba karibu na kwake kuna nyumba ya wazee, safi, yenye bustani, na kuna chumba ambacho wamekubali kumshikia hadi mwisho wa Julai.

"Bustani," alisema Obdulia. "Mimi nitafanya nini na bustani, Quirino? Nikae nikitazama letusi?"

Nilimwambia samaki kukauka mara moja si jambo, hata mimi nimeunguza maharagwe.

"Wewe huunguza kila kitu, wewe si kipimo." Akakunja taulo, akaikunjua tena. "Nimepotelea kwa Pilato."

Sikumwelewa. Akaeleza. Sala ilikuwa ikienda vizuri, Mungu Baba, mbingu na dunia, Bikira Maria, lakini akifika kwa Pilato, pale Yesu anapoteswa, ni kama mlango umefungwa. Anarudi mwanzo ili aupige kwa kasi, unafungwa tena. Siku ya Yohane alirudi mwanzo, akarudi, hajui mara ngapi, samaki wakiwa motoni. Akaniomba nisimwambie mtu. Alikuwa ameshika dirisha kwa vile vidole vyake visivyo na mistari.

Kesho yake nilipanda basi hadi mjini nikamnunulia saa. Ilikuwa ndogo, ya kuzungusha, ya umbo la limau, ambayo hulia kengele muda ukiisha. Niliibeba kwa fahari. Mtu aliyejisomesha mwenyewe huamini kwamba kila jambo lina chombo chake.

"Niiweke dakika ngapi?" aliuliza.

Nikamwambia yeye ndiye anayejua.

"Mimi najua Nasadiki tano. Wewe ndiye uliyesoma. Nasadiki moja ina dakika ngapi?"

Nikasema hilo ni rahisi: yeye asali mwendo wake wa kawaida, mimi nipime. Akajifuta mikono kwenye aproni, akasimama mbele ya jiko lisilo na moto kana kwamba chungu kipo, akaanza. Alisali vizuri hadi kwa Pilato. Akanyamaza. Nilimwona akitafuta kwa macho, kwenye vigae, kwenye kalenda, kama mtu aliyeweka miwani mahali. Akarudi mwanzo. Kwa Pilato, tena. Mara ya tatu sauti ilianza kumtetemeka, nami nilitaka afike ng'ambo, basi tu, kama unavyomshika mkono mtu anayevuka ubao wa gatini.

"Akasulibiwa, akafa, akazikwa," nikasema.

Kisha nikanyamaza, kwa sababu hapo Obdulia hupumzika. Hakuwa akipumzika hapo zamani. Alianza mwaka aliokufa Severiano, na ili pumziko lile lisiharibu samaki alipunguza moto kidogo. Nilisubiri. Akashusha pumzi palepale ambapo huishusha siku zote, akaendelea mwenyewe: akashukia kuzimu, siku ya tatu. Tukamaliza pamoja hadi uzima wa milele.

Akanigeukia polepole. "Mpagani wewe. Umejifunza wapi?"

"Ukutani."

"Miaka yote hii ulikuwa unanisikiliza?"

"Ulikuwa unapiga kelele. Ningefanyaje?"

Saa ya limau ilikuwa mkononi mwangu. Sikuwa nimeitazama hata mara moja.

Tuliijaribu baadaye, kwa samaki wa bei ndogo. Kengele ilipolia aliruka, akazima gesi, akasahau alikuwa upande gani wa kipande. Saa hukaa kimya njia nzima, halafu inakupigia kelele mlangoni. Nasadiki ilikuwa ikitembea naye, na kila neno lilimwonyesha amefika wapi: kwa Bikira Maria rojo inaanza kupiga mapovu pembeni, kwa watakatifu unatikisa chungu. Hayo huwezi kuyatia ndani ya limau.

Zilibaki siku kumi na nne. Tulifanya mpango kama wezi. Siku ya Karmeli ningekaa jikoni kwangu nyuma ya shuka lililoanikwa. Yeye angesali kwa sauti, kama desturi yake, hata Nieves anaijua. Akifika kwa Pilato, ningelichukua neno kwa sauti ya chini na yeye angelidaka. Ili asipoteze hesabu, nilipanga vibanio vitano vya nguo kwenye kamba yangu. Kila Nasadiki ikiisha ningehamisha kimoja kwenda kushoto. Vya kwanza viwili, geuza. Vingine viwili, zima, funika. Tulifanya mazoezi kila asubuhi na chungu kitupu. Siku nyingine alipita kwa Pilato bila mimi, akanitazama kwa ushindi. Siku nyingine alisimama hata baada ya kusikia neno kutoka kwangu. Nilianza kukosa usingizi. Nikifumba macho namwona Nieves ameshika glasi ya maji.

Siku yenyewe bandari ilijaa bendera. Zamani mashua arobaini zilisindikiza sanamu ya Bikira baharini. Mwaka huu zilikuwa sita, mbili zikiwa za kupeleka watalii kutazama pomboo. Nieves na Koldo walifika saa sita. Nilisikia viti vikivutwa, Koldo akisifu harufu. Rojo ilikuwa tayari tangu saa nne, na vipande vilikuwa vimetiwa chumvi, vimepakwa unga kidogo na kukaangwa upesi kila upande. Kazi iliyobaki ilikuwa ya zile Nasadiki tu.

Nieves akaingia jikoni. Hatukuwa tumelipanga hilo. Kwa kawaida hukaa sebuleni na simu yake.

"Endelea, mama. Nataka kuona unavyofanya. Sijawahi kujifunza."

"Utajifunza leo? Una miaka arobaini na tisa."

"Ndiyo maana."

Akaegemea dirisha, mgongo kwangu, na mgongo ule ukaziba vibanio vyangu vyote vitano. Nilikuwa nimesimama nyuma ya shuka kwa umbali wa mikono miwili kutoka nywele zake. Niliona zimeanza mvi. Nilisikia vipande vikiteremshwa kwenye rojo, kimoja kimoja, na Obdulia akianza.

Nasadiki ya kwanza alipita peke yake. Pilato, akasulibiwa, pumziko, kuzimu, mpaka mwisho. Mimi nyuma ya shuka nilikuwa nimekunja vidole vya miguu ndani ya viatu. Ya pili akaanza vizuri. Na hapo ndipo Bikira aliporudi gatini, na mashua zote sita zikapiga honi kwa pamoja.

Honi ya mashua ya uvuvi si ya gari. Inaingia kifuani. Madirisha yalitetemeka, mbwa wakalia, na katikati ya mlio ule nilijua, bila kusikia, kwamba Obdulia amefika kwa Pilato, maana hata mimi nilikuwa nimefika. Nikasema neno langu kwa sauti ya chini. Hata mimi mwenyewe sikulisikia. Nikalisema tena. Honi zikaendelea. Samaki walikuwa motoni, na kila honi ilikuwa ikila muda, na yule mwanamke alikuwa pale amesimama mbele ya mlango uliofungwa, binti yake akimtazama uso.

Nikalivuta shuka pembeni, nikapiga kelele.

"Akasulibiwa! Akafa! Akazikwa!"

Honi zikakoma palepale, kama zilizotaka kunisikia. Sauti yangu ilibaki peke yake kwenye uwazi. Nieves akageuka. Tukatazamana. Ningeweza kusema nilikuwa nasoma gazeti, ningeweza kufunga dirisha, lakini pumziko la Obdulia lilikuwa linakwisha na kipande hakijageuzwa. Nikaendelea: akashukia kuzimu. Na kutoka ndani, sauti ya Obdulia ikaungana nami, nyembamba, ikafuata. Tulipofika mwisho nikasema, "Ya pili imeisha. Geuza." Nikamsikia akigeuza.

Madirisha ya juu yakaanza kufunguka. Remigia wa ghorofa ya tatu, ambaye amenijua tangu tukiwa watoto na hajawahi kunisamehe chochote, akatoa kichwa.

"Quirino, unakata roho? Nimwite padri, au umeshaanza mwenyewe?"

Nikamwambia anyamaze kuna samaki motoni. Akanyamaza, kwa sababu kwa hilo yeye naye ni mwanamke wa bandari. Tukaendelea na ya tatu, mimi na Obdulia, na kufikia katikati nikasikia sauti nyingine juu yetu, ya kukwaruza: Remigia alikuwa akisali nasi, mikono kwenye kamba ya nguo, akichelewa neno moja kama anavyochelewa kila kitu. Ya nne. Nikasema zima, funika. Gesi ikazimika kwa ule mlio wake mdogo. Ya tano tuliisali ya udongo, na Nieves muda wote hakusogea dirishani. Alikuwa amemgeukia mama yake sasa. Sikuuona uso wake.

Kisha wakaenda mezani, nami nikakaa kwenye kiti changu cha jikoni nikasikiliza.

Nilisikia vijiko. Nilisikia mkate ukivunjwa. Koldo alisema kitu kuhusu mashua. Nikasubiri lile neno. Nilikuwa na jasho mgongoni kama niko chumba cha injini. Vijiko vikaendelea. Mtu akaomba mkate tena. Nikasikia sahani ikikwanguliwa, halafu nyingine. Hakuna aliyeomba maji.

Saa kumi mlango wangu uligongwa. Ni Nieves, amebeba sahani iliyofunikwa kwa sahani. Aliiweka mezani, akaketi bila kukaribishwa. Nilikula, kwa sababu kutokula kungekuwa kusema kitu. Nyama iliachana kwa uma, laini na nyeupe, na kwenye mfupa ilikuwa na ule wekundu mdogo unaopaswa kuwapo. Sikumbuki kama nimewahi kula bonito bora kuliko huyo.

"Mjomba Quirino," alisema, "wewe hukuja hata kwenye ubatizo wangu. Ulisimama nje ya kanisa ukivuta sigara."

"Mvua ilikuwa inanyesha. Na nilikuja."

"Imeanza lini?"

Ningemdanganya mtu mwingine. Nikamwambia tangu Juni, kwa ninavyojua mimi. Nikamwambia ni kwa Pilato tu, kwamba mengine yote anayo, kwamba anajua siku, anajua bei za samaki gati zima, anakumbuka matusi aliyotukanwa mwaka wa sitini na tatu na aliyemtukana. Nilisema mengi. Yeye aliniacha nimalize.

"Bibi Casilda alipokausha bonito tulicheka," alisema. "Miaka miwili tulicheka, wa tatu tukaja kumkuta ameketi gatini na gauni la kulalia, Januari. Mimi ndiye niliyemkuta." Akasogeza kipande cha mkate kwa kidole. "Leo umemsalia samaki. Na gesi, Mjomba? Akisahau gesi, utaisalia nayo?"

Nimesoma kamusi ya elimu juzuu zote hadi herufi ya S, na hilo halimo.

Akatoa bahasha kwenye mkoba, ile ya chumba chenye bustani. Haikuwa imefunguliwa. Alisema alikuja nayo ili mama yake atie sahihi baada ya kula, na alikuwa na hakika kwamba itafika huko. Kisha akasimama dirishani akatazama vile vibanio vyangu, viwili vikiwa bado kulia kwa sababu nilisahau kuvihamisha. Akauliza ni vya nini. Nikamweleza. Alivihesabu, kimya, nikaona midomo ikisogea.

"Bonito wanaisha lini?" aliuliza.

"Mwisho wa Septemba. Oktoba, hali ikiwa nzuri."

Akasema chumba kile atakiachia mtu mwingine. Hadi bonito watakapoisha, mama yake atakaa. Fundi atakuja Jumatatu kuondoa jiko la gesi na kuweka la umeme linalojizima. Obdulia atalia, na ni juu yangu kumvumilia. Kisha akaandika namba yake ya simu kwenye ukuta wangu, kwa kalamu, kando ya kalenda, ili nisiipoteze.

"Mimi niko saa moja na nusu kutoka hapa, siwezi kusikia. Wewe unasikia. Kwa hiyo utaniambia ukweli. Siku atakaposhindwa hata kuianza, siku hiyohiyo, unanipigia."

"Unanifanya mpelelezi wa mama yako."

"Umekuwa mpelelezi wake miaka hamsini, Mjomba. Sasa nakupa kazi."

Nikaahidi. Alinibusu mashavu yote mawili, akachukua sahani tupu, na alipofika mlangoni akageuka kuuliza kama Nasadiki ya udongo ni lazima. Nikamwambia hiyo ndiyo muhimu kuliko zote.

Jiko la umeme lililetwa. Obdulia alilia, kisha akalitukana, kisha akalizoea, ingawa anasema halina roho. Kila Ijumaa ananunua kipande kimoja cha kwake na kimoja changu. Nasimama dirishani wazi siku hizi, bila shuka, na Remigia hushuka ghorofa mbili na kiti chake kuja kusali nasi. Watu wa Agosti walitupiga picha. Mmoja alituuliza ni sala ya samaki gani hiyo, na kama tunaiuza.

Leo ni tarehe ishirini Septemba. Mashua mbili tayari zimepandisha nyavu zao nchi kavu na kuzifunika, maana msimu unaisha. Nilimwandikia Obdulia sala nzima kwa herufi kubwa, kwa mkono wangu huu, akaibandika juu ya jiko, lakini mvuke na rojo vimeila, tena anasema kusoma si kusali. Mwezi wa nane alikuwa bado anafika kwa Pilato. Wiki mbili zilizopita alisimama kwa Bikira Maria, mstari mmoja kabla. Nikachukua kutoka hapo, akadaka, samaki wakatoka salama.

Jana alisimama kwa mbingu na dunia, mstari wa kwanza kabisa. Alinitazama juu ya uwazi, kijiko mkononi, rojo ikipiga mapovu pembeni, wala hakuonekana kuogopa. Alisubiri tu, kama mtu anayesubiri mwenzake afungue mlango kwa kuwa ndiye mwenye ufunguo. Nikaufungua. Namba ya Nieves iko ukutani kando ya kalenda. Nilimwahidi kumpigia siku mama yake atakaposhindwa kuianza, na bado anaianza.